Meno ya Bwana Nzi

Kama gazeti la juma lililopita lilifungiwa vitumbua kabla hujalisoma, sikulaumu. Mimi mwenyewe nililikuta Shelui limefungiwa dagaa, jina langu limeloa mafuta, na kusema kweli dagaa walikuwa watamu kuliko hadithi. Basi nikusogezee kwa ufupi.

Mimi ni Antipasi, Mnyamwezi wa Nzega, dereva wa lori mpaka siku lile lori la vitunguu liliponilalia ubavu Mlima Sekenke. Vitunguu viliteremka peke yao, vikafika chini salama kuliko mimi. Polisi wakachukua leseni. Tajiri akaniambia akiniona tena atanifungulia mbwa.

Ndipo akatokea Bwana Reinholt, Mzungu mrefu mwenye Landrova na kibali chenye mihuri. Aliniombea leseni kwa wakubwa, wakampa. Halafu badala ya kunikabidhi akaitia kwenye mfuko wa shati lake, akafunga kifungo.

"Utaipata kazi ikikamilika," akasema. Kiswahili chake kilikuwa safi, cha kitabuni, kimepigwa pasi.

Kazi yenyewe ilikuwa kukusanya mabaki ya mtu mmoja tu. Mtu huyo ni Profesa Aldenberg, ambaye zamani za mkoloni alikaa huku Iramba porini akichunguza mbung'o, wale nzi wa malale. Kwao siku hizi ni mtu mkubwa, sura yake imo kwenye stempu. Huku wazee walimwita Bwana Nzi, basi.

Tulizunguka mno. Soksi ya Bwana Nzi iliyotoboka, ikaenda kwenye kopo. Kiko kilichotafunwa, kwenye kopo. Brashi ya kunyolea yenye ndevu bado, kwenye kopo lenye pamba, na Bwana Reinholt akainusa kwanza huku kafumba macho. Ndiyo maana nikampa jina la Bwana Makopo.

Kilimatinde tulipata barua, bunda zima. Alinisomea akitafsiri, tena tukiwa mezani. Nilitegemea maneno ya elimu. Wapi! Nusu yake ni habari za tumbo la Profesa: leo limefunga, jana lilifunguka, na rangi yake. Niliusukuma wali pembeni. Bwana Makopo alikuwa na machozi.

"Unaona, Antipasi? Binadamu kamili!"

Niliona.

Kisha tukafika Misigiri, kwa Mzee Simeoni, niliyemjua tangu ajali.

Mzee Simeoni alikuwa mshika nzi. Bwana Nzi alimvua shati akamtembeza mbele porini, nzi wakitua mgongoni, yeye nyuma na kinyavu chake. Chambo mwenye miguu miwili. Siku moja aliambiwa azungushe hendeli ya gari, hendeli ikamrudia mdomoni, meno ya mbele yote yakaenda. Bwana Nzi alipopata meno mapya ya bandia Nairobi, alimpa Simeoni yale ya zamani: kipande cha juu chenye meno ya mbele, moja la dhahabu. Simeoni akakikwangua kwa tupa, akakijazia nta ya nyuki mpaka kikamkaa. Hiyo ndiyo fidia aliyopata duniani.

Bwana Makopo alipoliona lile jino la dhahabu likicheka, hakulala. Akaniagiza niyaombe.

Nikayaomba kwa njia tunayoijua. Wanyiramba ni watani zetu sisi Wanyamwezi, hatuombani kitu kwa adabu. Nikamwambia, "Mzee, shikamoo. Lete hayo meno, wewe hata nyama huna."

"Marahaba, kichwa cha fuko. Haya uyachokoe nikiwa maiti."

Tukacheka tukashikana mikono. Bwana Makopo hakucheka. Alitoa kalamu akaandika.

Juma lililopita niliwaacha hapo tunapopanda tena Misigiri kusalimia, tukasikia kilio kutoka nyumba za kijiji kipya. Sasa tuendelee.

*

Bwana Makopo akazima gari. Kilio kilikuwa cha wanawake wengi, kile kinachopanda kwa pamoja na kushuka kwa pamoja.

Mama mmoja alipita na kuni kichwani. Nikamuuliza.

"Mzee Simeoni," akasema. "Alfajiri. Alikuwa anakohoa tangu juzi."

Yule mzee alinipokea nilipotoka hospitali na mkono umefungwa, akanilisha uji wa mtama nikiwa sina hata jirani. Aliniita takataka kila siku, na kila siku akaniwekea kiti.

Nikageuka nimwambie Bwana Makopo pole.

Jamani. Uso wake uling'aa kama sufuria iliyosuguliwa kwa mchanga. Alijaribu kuuzima, ukakataa. Mkono wake ulikuwa tayari nyuma ya kiti unapapasa makopo, unachagua saizi.

"Ni huzuni kubwa," alisema. "Wanazika lini?"

"Leo leo."

"Basi hatuna muda. Nenda ukayatoe."

"Nikatoe nini?"

"Antipasi, alitoa ridhaa. Nimeiandika. 'Uyachokoe nikiwa maiti.' Ni maneno yake mwenyewe."

"Bwana, ule ulikuwa utani!"

"Nafahamu utani. Nimesoma juu yake." Akagonga mfuko wa shati lake polepole, pale kwenye kifungo. "Mila yenu inampa mtani haki ya kuchukua mali ya marehemu, sivyo? Wewe ni mtani. Itumie."

Nilitema mate dirishani. Kisha nikashuka. Nasema ukweli wangu hapa gazetini: nilishuka.

*

Mtani haingii msibani kwa kunong'ona. Nilianzia kupiga kelele barabarani.

"Nani kafa bila kuniaga? Nani? Huyu mzee alikuwa ng'ombe wangu, mmemchinja bila ruhusa! Nataka ngozi yangu!"

Wanaume waliokaa kwenye magogo wakageuka. Mmoja akajifuta macho akacheka.

"Mnyamwezi kafika! Ficheni chungu!"

"Chungu chenu kina nini, ninyi? Maji na huruma!"

Wakanipigia makofi. Mwinjilisti Andrea, aliyekuwa na Biblia kwapani, akakunja uso.

"Antipasi, hapa tuna ibada."

"Endelea, mwinjilisti. Mimi nawatafutia watu wa kukusikiliza."

Bibi Yunisi, mjane, alikuwa amekaa mkekani ndani, miguu kainyoosha. Nikapiga goti.

"Shikamoo, mchumba. Sasa uko huru, nimekuja kukuchukua."

"Marahaba, mbwa wewe. Na mkono huo uliopinda utanilimia nini?" Akacheka, na kicheko kikageuka kilio palepale, akanishika kichwa akakiegemeza begani kwake. "Mtani wangu. Nilidhani Sekenke imekumeza tena. Nenda kamtukane. Alikuwa anakungoja."

Nikaingia chumbani.

Alilazwa kitandani, blanketi mpaka kifuani, taya limefungwa kwa utepe wa khanga uliopita juu ya kichwa. Alionekana kama mtu anayeumwa jino. Hilo wazo lilinijia na nikajichukia.

Hapakuwa na mtu mwingine. Nikamtukana kidogo kama inavyopasa.

Halafu nikaangalia mlangoni.

Halafu nikanyoosha kidole.

Mdomo wake ulikuwa baridi na mkavu, kama ngozi ya mkungu wa ndizi. Niliinua mdomo wa juu. Nilitafuta kitu cha kung'aa. Nilitaka kuuvuta mkono, na bado kidole kilikuwa pale kinapapasa. Nakwambia, mkono wa mtu unaweza kufanya kazi ambayo mwenyewe amekwisha kuikataa.

"Unatafuta nini kwenye mdomo wa baba?"

Damari, binti yake, alikuwa amesimama na beseni la maji.

Nikauvuta mkono. "Namwangalia kama bado ana tusi moja."

Hakucheka. Damari huyu, aliyekuwa akinirushia magunzi tukitaniana, aliniangalia kama mtu aliyekanyaga kitu.

"Mtani," akasema taratibu, "watu wanakuja na unga. Wengine kuni. Maskini kabisa anakuja na machozi yake. Yule Mzungu wako nimemwona pale garini. Sijawahi kuona mtu anakuja msibani na chombo kitupu."

Nikapita kando yake nikatoka.

Na kitu kimoja nilikuwa nimekiona: mdomoni mle meno hayakuwemo.

*

Nilitoka na furaha ya ajabu. Hayapo! Nitamwambia Bwana hayapo, tuondoke, kila mtu abaki na heshima yake.

Nilimkuta kwenye kivuli cha Landrova, kakaa juu ya kiboksi pamoja na Idrissa, mdogo wake marehemu. Idrissa ndiye msemaji wa ukoo. Alikuwa kashika redio ya Bwana Makopo, ile ya betri, kaibana sikioni, anazungusha kitufe na kuzungusha tena.

"Bwana, hayapo," nikasema. "Nimeangalia. Twende."

"Yapo," akasema Bwana Makopo kwa utulivu. "Ndugu Idrissa ameniambia. Mjane aliyatoa wakati wa kuosha. Ataagizwa ayalete."

Nikamwangalia Idrissa. "Mzee, shikamoo. Ni kweli umekubali?"

"Marahaba. Tatizo liko wapi?" Hakuitoa redio sikioni. "Meno ni ya Mzungu, Mzungu kayafuata. Kaka yangu amekwisha kumaliza kutafuna."

Amekwisha kumaliza kutafuna! Yaani mwili haujatoka hata ndani.

"Mzee Idrissa, kaka yako aling'olewa meno yake na gari la Bwana Nzi. Haya ndiyo malipo."

"Basi alilipwa. Yamemfaa miaka yote hiyo, sasa yamfae mwingine." Akapata stesheni, muziki ukalia, akatabasamu. "Sauti inasikika, eti?"

Nimebeba kila kitu kwenye lori katika maisha yangu. Nimebeba ngozi mbichi wakati wa masika, nimebeba samaki walioharibika kutoka Mwanza mpaka Itigi. Sijawahi kusikia uvundo kama ule wa redio kwenye sikio la Idrissa.

Bwana Makopo akaniwekea mkono begani. "Usisikitike. Yatakaa katika kabati la kioo. Maelfu watayaona."

"Watayaona meno ya nani?"

"Ya Profesa, bila shaka."

Zile barua zote za tumbo, bunda zima, nilizisikiliza mpaka mwisho. Jina la Simeoni halimo hata mara moja. Nzi wametajwa mmoja mmoja, kwa majina ya Kilatini.

*

Adhuhuri mwili ukatolewa nje, jeneza likawekwa juu ya viti. Idrissa akasimama, kaficha redio chini ya koti. Akakohoa.

"Ndugu waombolezaji. Familia imeamua. Marehemu alikuwa na kitu cha watu. Mwenye nacho kaja. Shemeji Yunisi, kilete, tuzike bila deni."

Minong'ono ikapita. Mwinjilisti Andrea akafungua Biblia, akaifunga. Bwana Makopo akasogea mbele kavua kofia, kopo kalishika kwa mikono miwili kama mtu anayepokea komunyo. Pamba nyeupe ilionekana ndani.

Bibi Yunisi aliinuka polepole. Nilidhani atalia. Nilidhani atalaani.

"Shemeji, umesema vizuri," akasema. "Msemaji ni wewe, mimi nani nikubishie? Ila mtani hajamwigiza marehemu. Au siku hizi tukiwa kijiji cha ujamaa tunazika mtu kimya kimya kama kuku?"

Wazee wakaguna. "Kweli. Mtani bado."

"Ifanyike haraka basi," akasema mwinjilisti. "Jua kali."

"Mleteeni koti lake," akasema Yunisi. "Mleteeni kofia."

Vikaletwa. Nikavaa koti lililonuka ugoro, nikavaa kofia iliyokatika ukingo. Watu wakaanza kutabasamu. Nikataka kuanza.

"Ngoja," akasema Yunisi. "Simeoni gani huyo asiye na meno?"

Akashika pindo la khanga yake, akafungua fundo.

Yalikuwa pale, kwenye kiganja chake. Meno yamegeuka rangi ya chai, jino la dhahabu limechakaa, nta imebaki na alama za ufizi wa mzee. Na unyevu. Wasomaji wapenzi, yalikuwa bado na unyevu.

Bwana Makopo alitoa mlio mdogo, kama mtu aliyechomwa moto.

Yunisi aliuinua mkono wote wayaone.

"Ninyi wazee ndio wenye mila, nisahihisheni. Alichovaa mtani kumwigiza marehemu, ndugu anaweza kukidai?"

"Hawezi."

"Na mgeni?"

"Mgeni ndiyo kabisa!"

"Anayeamua ni nani?"

"Mtani," wakasema. "Aondoke nacho, au amrudishie mwenyewe kaburini. Ni yeye."

Idrissa akalibana koti lake. Redio ililia kidogo ndani ya koti.

Yunisi akanisogelea. Sauti yake ikawa ya kwangu peke yangu.

"Damari kaniambia ulikuwa na kidole wapi."

Nikakificha kidole ndani ya koti la mzee.

"Sijauliza kwa nini," akasema. "Nakupa wewe, kwa sababu hapa hakuna mwingine ninayeweza kumpa wakanyamaza. Vaa. Ukishavaa, ni wewe na yeye."

Na akanipa.

*

Watu wote walikuwa wananiangalia. Nikayaweka mdomoni, yakakaa mbele ya meno yangu mwenyewe.

Nisiseme uongo kwa sababu ni msibani. Yalikuwa na ladha ya ugoro, na asali ya zamani, na dawa ya kifua, na chini yake kuna kitu kingine ambacho sitakitaja maana wengine mnasoma hii mkila. Midomo miwili ilikuwa imeyatumia kabla yangu. Mmoja uko kwenye stempu Ulaya, mwingine uko ndani ya sanduku la mbao hatua chache kutoka nilipo. Nta ikapata joto la kinywa changu ikaanza kulainika, ikanikumbatia. Nilifumba macho nikameza mate ambayo sikujua ni ya nani.

Kisha nikajaribu kusema, na sauti iliyotoka haikuwa yangu.

"Yunisi! Ugali bado tu? Au unasubiri mtama uote?"

Watu waliruka. Ilikuwa sauti ya Simeoni, na ule mluzi wake mdogo kwenye kila neno. Wanawake wakapiga kigelegele na kilio kwa pamoja. Yunisi akashika mdomo wake kwa mikono miwili.

"Unaiva, mume wangu," akasema. "Kaa kidogo, unaiva."

Baada ya hapo sikuwa tena Antipasi. Nilikemea mbuzi ambao hawapo. Nilimwomba mwinjilisti ugoro. Nilimwambia Idrissa, "Mdogo wangu, koti lako linaimba," na watu wakaanguka juu ya mikeka. Idrissa akatafuta pa kujificha, hapakuwa na pa kujificha.

Kisha nikavua koti na shati, nikabaki kifua wazi. Nikaanza kutembea ule mwendo alionionyesha mwenyewe siku moja akiwa amelewa togwa iliyochacha: mgongo umeinama kidogo, mikono mbali na mbavu, pole pole, usimfukuze nzi, mwache atue, mwache anywe.

Na Bwana Makopo akanifuata.

Hakuelewa chochote. Alikuwa anaogopa tu meno yasimpotee. Alinifuata nyuma kwa kunyata, kainama, kopo wazi mbele yake, macho yamenikodolea. Nikisimama, anasimama. Nikikunja kona, anakunja.

Mzee mmoja akapiga ukelele: "Bwana Nzi karudi!"

Loo! Kijiji kizima kikapasuka. Watu walijipiga mapaja. Wanaume walianza kuvuma kama mbung'o, vuuu, vuuu, wakinigusa mgongoni na kukimbia. Hata mwinjilisti Andrea alijificha uso nyuma ya Biblia na mabega yake yalikuwa yanacheza. Bwana Makopo akatabasamu huku na huku, akadhani anaheshimiwa.

Mimi ndiye niliyeacha kucheka kwanza. Nilikuwa nahisi pumzi yake mgongoni. Ndipo nilipoelewa mwili wa Simeoni ulivyokuwa ukihisi, miaka yote ile: mtu msomi nyuma yako, hakuoni wewe, anaona kilichotua juu yako.

Nikatembea hivyo hivyo mpaka makaburini, jeneza likitufuata. Kaburi lilikuwa limechimbwa, udongo mwekundu umerundikwa pembeni. Nikaruka ndani nikalala chali. Mtani ndivyo afanyavyo.

"Sitoki!" nikapiga kelele kwa sauti ya mzee. "Nyumba nzuri, haina kunguni! Mpaka nipewe kuku!"

"Tutakupa yai!"

"Yai mpe Mwinjilisti!"

Walikuwa wanacheka bado, pale juu, duara la vichwa na mbingu katikati. Ndipo kichwa kimoja cheupe kikajiingiza, na mkono ukafungua kifungo cha mfuko.

Ilikuwa leseni yangu. Aliishika kwa vidole viwili, picha yangu inaniangalia kutoka juu.

"Antipasi," akasema kwa upole. "Mila imekupa. Nimesikia wazee. Hakuna anayeweza kukuzuia, hata mjane. Tema hapa kwenye kopo, na hii ni yako. Kesho asubuhi uko barabarani."

Kicheko kilipungua. Wale wa mbele walikuwa wamesikia.

Nitawaambia jambo, na mnione mnavyotaka. Ulimi wangu ulianza kuyasukuma. Ulishika ukingo wa ile nta, ukasukuma, na yakalegea. Niliiona Sekenke, nikausikia usukani kwenye viganja. Sikuwa nimeishika barabara tangu vitunguu. Mtu bila kazi yake ni nini? Ni mgongo tu.

Kisha nikamwona Yunisi. Alikuwa amesimama upande wa kichwani. Hakutikisa kichwa. Alikuwa anautazama mdomo wangu kama mtu anayetazama mlango wa nyumba yake mwenyewe.

Ulimi ukarudi mahali pake.

Nikatafuta maneno ya kukataa na sikuyapata, kwa hiyo nikafanya ninachokijua. Nikafungua mdomo wazi, nikaonyesha dhahabu, nikasema kwa ule mluzi:

"Bwana, mimi mzee, mikono imechoka. Shuka uyachukue mwenyewe."

Kila Mnyiramba pale alijua maana yake: sikupi. Kaburi likishamalizwa haliingii mtu ila mtani na maiti. Hata aliyelichimba harudi ndani; asiye mtani akiingia huhesabiwa maiti. Wakashangilia. Mtu akanipigia mbinja.

Bwana Makopo aliifikiria kauli yangu.

Akairudisha leseni mfukoni, akafunga kifungo. Akavua viatu, akaviweka sawasawa ukingoni, kimoja kando ya kingine. Akatoa kibano kirefu cha chuma kutoka mfuko wa suruali.

"Bwana, usi—" nikaanza.

Akashuka.

Alitua magotini pangu, mzito, anapumua harufu ya kahawa. Akanishika taya kwa mkono mmoja kama anavyoshikwa mbuzi wa kunyweshwa dawa. Chuma kikagonga dhahabu. "Usitikisike," akaninong'oneza, "tafadhali, ni kitu dhaifu sana," na macho yake yalikuwa na machozi yale yale ya Kilimatinde.

Juu yetu kicheko kilikatika. Sio kwamba kilififia. Kilikatika.

Nilijaribu kusukuma, mkono wangu uliopinda ulikuwa umebanwa chini yake. Sikuona tena mbingu, niliona shati lake tu. Nilisikia Idrissa akisema, "Shemeji, ngoja, shemeji," na sauti yake haikuwa na redio ndani yake tena. Nikasikia mwinjilisti akiomba, kwa haraka, kwa Kinyiramba.

Halafu nikamsikia Yunisi.

Nimewatania Wanyiramba maisha yangu yote. Utani wao naujua hata ukipita mbali, naujua kwa mteremko wa sauti tu. Hii sauti haikuwa na mteremko.

"Fukieni," alisema.

Na beleshi la kwanza la udongo likanipiga usoni.